Nilivyotengeneza filamu ya wafanyakazi wakati kiwanda chao kikifungwa

Kiwanda hakifungwi kwa siku moja. Wafanyakazi wa kiwanda cha nguo nilichokifuatilia walijua mwisho unakuja muda mrefu kabla ya tangazo kubandikwa ubaoni. Kwanza ovataimu ilikatika. Kisha mikataba ya mwaka ikawa ya miezi mitatu, ya miezi mitatu ikawa ya mwezi, na watu waliozoea kuingia kwa kitambulisho wakaanza kuitwa kwa simu asubuhi kama vibarua. Fundi mashine alipostaafu, nafasi yake haikujazwa. Cherehani ikiharibika, inafunikwa turubai na kusukumwa ukutani. Mama mmoja wa laini ya kola, yaani safu ya mashine zinazoshona kola za mashati, aliyeingia pale akiwa msichana, aliniambia alijua mambo yamekwisha siku nyuzi zilipoanza kuletwa katoni moja moja, wakati zamani zilikuja kwa lori.

Filamu yenyewe nimeimaliza. Imenila fedha, usingizi na afya, na kuna nyakati nilitamani kuiacha njiani. Naandika haya kwa ajili ya mwenzangu yeyote anayetaka kushika kamera afuatilie maisha ya wafanyakazi uchumi unapobadilika, kwa sababu mengi niliyoyapitia hayapo kwenye mafunzo ya upigaji picha. Kubwa kuliko yote ni kwamba hatari ya filamu ya aina hii anaibeba mfanyakazi. Mimi nikikosana na mwajiri wake narudi nyumbani. Yeye kesho asubuhi yuko mlangoni kwa mwajiri huyohuyo, au anaomba kazi kwa mwingine anayefahamiana naye. Kila uamuzi, kuanzia saa ya mahojiano hadi mahali pa kuweka diski, inabidi uanzie hapo.

Nilianzia getini. Ndani sikuruhusiwa. Niliandika barua ya kuomba kibali, nikasubiri sana, na jibu lilipokuja lilikuwa na sharti: ningeweza kupiga picha karakana, lakini uongozi uione filamu kabla ya mtu mwingine na uwe na haki ya kuondoa chochote. Nilikataa, na namsihi kila mtu akatae sharti la namna hiyo hata kama picha za ndani anazitamani vipi. Ukishasaini, wafanyakazi wanaacha kukuamini, na wana haki.

Kusimama getini ni jambo la kale. Mwaka 1895 ndugu wawili wa familia ya Lumière waliweka kamera mbele ya kiwanda chao kule Lyon, Ufaransa, wakapiga picha wafanyakazi wakitoka kazini. Filamu ile haifiki hata dakika moja, na ni miongoni mwa za mwanzo kabisa duniani. Mwenye kamera ndiye aliyekuwa mwenye kiwanda, na kamera ilibaki nje. Tangu hapo sisi tunaopiga picha za wafanyakazi tumezoea geti, hasa wakati wa mgomo, kwa sababu kuna umati, kuna mabango na kuna sauti. Mgomo wa kiwanda changu nao niliupata. Ulikuwa mfupi, na uliisha kwa watu kurudi ndani mmoja mmoja huku wakikwepa kutazamana. Kama ningetegemea zile picha za mabango tu, ningekuwa na filamu ya kelele isiyoeleza chochote.

Jambo lililoeleza mambo lilikuwa chini ya godoro. Yule mama wa laini ya kola alikuwa ametunza hati zake za mshahara kwenye mfuko wa nailoni tangu mwezi wake wa kwanza kazini. Jioni moja alizimwaga kitandani akaanza kuzipanga kwa miaka. Nilimwomba azisome kwa sauti, polepole, kidole chake kikipita kwenye kila mstari. Ukitazama kile kidole unaona uchumi ukibadilika: mstari wa ovataimu unapungua halafu unatoweka, posho ya usafiri inaondolewa, makato yasiyo na maelezo yanaingia. Halafu kidole kikasimama. Jina la mwajiri juu ya karatasi lilikuwa limebadilika. Kuanzia mwezi fulani, aliyekuwa anamlipa ni wakala wa ajira, ingawa yeye alikuwa amekalia kiti kilekile, mbele ya cherehani ileile, chini ya msimamizi yuleyule.

"Mwanangu, hili sikuliona," alisema. "Mimi nilikuwa naangalia chini, kwenye pesa."

Maana ya jina lile kubadilika aliifahamu alipopewa hesabu ya kiinua mgongo. Miaka yake ilihesabiwa kuanzia tarehe ya wakala. Ya nyuma yote haikuguswa. Wapo wengi pale waliofanyiwa hivyohivyo, na wengi walikuwa wametupa karatasi zao. Ndiyo maana nasema: ukikutana na mfanyakazi kwa mara ya kwanza, kabla ya kuuliza anajisikiaje, muulize kama ana hati za mshahara, barua ya ajira, mkataba na kadi ya chama. Zipige picha zote kwa mpangilio wa tarehe, mrudishie zake mkononi, na umpe nakala safi. Hata kama filamu yako haitakamilika, hilo litakuwa limemsaidia.

Vijana waliopunguzwa kazi hawakukaa kungoja kiinua mgongo. Wengi waliingia kwenye usambazaji wa vifurushi kwa pikipiki kupitia programu ya simu, na hapo nikakutana na shida nyingine kabisa: kazi isiyo na geti, isiyo na kengele ya kutoka, isiyo na msimamizi wa kumhoji. Nilimfuata kijana mmoja aliyekuwa kwenye kitengo cha kukata vitambaa. Simu yake aliifunga kwenye usukani, ndani ya mfuko wa plastiki unaopitisha mwanga, na kila baada ya muda mfupi aliigusa kwa kidole gumba isizimike. Kazi ikiingia ana sekunde chache za kuikubali. Akiikosa mara nyingi, alama zake zinashuka, na zikishuka anapata kazi mbovu zaidi. Hajui nani anaamua. Aliwahi kufungiwa akaunti asubuhi na kufunguliwa jioni bila neno lolote, na siku nzima ile alibaki amekaa juu ya pikipiki yake kama mtu aliyefungiwa nyumba ya kwake.

Utapigaje picha kitu kama hicho? Mwanzoni kila nilichopata ni vijana waliokaa kivulini, na mtu wa nje akiwaona atasema wanapumzika. Mambo mawili yalisaidia. La kwanza, kwa ridhaa yake tulirekodi skrini ya simu yenyewe, kisha kwenye uhariri tukaiweka sambamba na uso wake. Mtazamaji anaona kazi ikiingia, ikipotea, ikiingia. La pili ni daftari. Nilimnunulia daftari la kawaida, akawa anaandika saa aliyowasha programu, saa aliyopata kazi, mafuta, makato na alichobakiwa nacho. Lile daftari ndilo likawa uti wa mgongo wa nusu ya pili ya filamu, maana lilionyesha saa nyingi za kusubiri zisizolipwa na mtu yeyote.

Swali la nani alipe saa za kusubiri limeshafika mbali. Februari 2021 Mahakama ya Juu ya Uingereza iliamua kwamba madereva wa Uber waliofungua kesi ni wafanyakazi wenye haki ya kima cha chini cha mshahara na likizo yenye malipo, na kwamba saa zao za kazi zinahesabiwa kuanzia wanapowasha programu wakiwa ndani ya eneo lao na tayari kupokea abiria. Mwaka huohuo Hispania ilitunga sheria inayowachukulia wasambazaji wa mizigo kupitia programu kuwa waajiriwa, na inayozitaka kampuni ziwaeleze wawakilishi wa wafanyakazi vigezo ambavyo programu inatumia katika maamuzi yanayogusa mazingira ya kazi. Nilimsimulia yule kijana habari hizi tukiwa tunasubiri. Alinyamaza, kisha akauliza kama waamuzi waliwahi kukaa juani. Sehemu ile ipo kwenye filamu. Kabla ya kwenda kuhoji watu wa kazi hizi, soma maamuzi ya namna hiyo. Yanakufundisha maswali yenye meno.

Sababu za kiwanda kufungwa nililazimika kuzielewa mwenyewe kwanza, kwa kuwa kila aliyenihoji mimi, na walikuwa wengi, aliniuliza: kwa nini sisi? Biashara ya nguo duniani ilitawaliwa kwa miongo mitatu, kuanzia 1974, na mfumo wa mgao ulioweka kikomo cha nguo ambazo kila nchi ingeweza kuuza kwenye masoko makubwa. Mgao ule uliondolewa kabisa Januari 1, 2005, na wanunuzi wakubwa wakawa huru kupeleka oda popote penye gharama ndogo. Usafiri nao ulikuwa umeshabadilika zamani. Aprili 1956 meli moja ilitoka bandari ya Newark kwenda Houston, Marekani, ikiwa na makontena 58, na kutokea hapo gharama ya kupakia mizigo ilishuka kiasi kwamba umbali wa kiwanda na duka ukapungua uzito. Makuli wa bandari nyingi walipoteza kazi kwa sababu ya sanduku lile la chuma. Wenzetu wa cherehani waliguswa baadaye, kwa njia ya kuzunguka.

Haya yote sikuyatia mdomoni mwa msomi aliyekaa mbele ya kabati la vitabu. Meneja wa uzalishaji wa kiwanda kile, ambaye naye alipunguzwa, ndiye aliyeyaeleza, akiwa ameshika shati moja na kunionyesha kila mshono umepunguziwa sekunde ngapi ili oda isihame. Wahoji wasimamizi. Watu wengi huwaruka kwa sababu ya uchungu wa wafanyakazi, nami naelewa uchungu ule, lakini msimamizi anajua namba, na mara nyingi amebanwa kutoka juu kama anavyobana chini.

Sasa nizungumzie ulinzi, maana hapa ndipo nisingependa mtu yeyote ajifunze kwa kuumia, tena kwa maumivu ya mwingine.

Kufifisha uso hakutoshi. Watu wa kazi moja wanajuana kwa mkono, kwa namna ya kucheka, kwa pazia la sebuleni. Sauti iliyobadilishwa kuwa nzito au nyembamba inaweza kurudishwa ilivyokuwa na mtu mwenye programu ya kawaida. Kwa waliotaka kufichwa, tulipiga picha upya zisizo na sura wala chumba, na maneno yao yakasomwa na mtu mwingine. Hata hivyo mhariri wangu, Mungu amzidishie macho, aliona kitambulisho cha kazi kimejiakisi kwenye kioo cha dirisha nyuma ya dada mmoja, na namba inasomeka. Tuliitoa picha ile. Tazama kila fremu kwenye skrini kubwa kabla ya kufunga kazi, tena mkiwa zaidi ya mmoja. Majina ya watu usiyaandike kwenye mafaili. Tumia namba, na orodha ya nani ni nani iwe kwenye karatasi iliyo mbali na diski. Diski ziwe na nywila, na nakala ya pili ikae kwa mtu asiyehusika na filamu. Usimsubiri mfanyakazi karibu na geti. Usimpigie simu saa za kazi.

Ridhaa niliomba mara tatu kwa kila mtu: kabla ya kurekodi, baada ya kumwonyesha alichosema, na kabla ya filamu kutoka. Fomu moja iliyosainiwa siku ya kwanza haimtendei haki mtu ambaye maisha yake yanabadilika kila mwezi. Kuna mzee mmoja aliyenipa mahojiano bora kuliko yote niliyowahi kufanya. Kiinua mgongo kilipofika, kilikuja na makubaliano yenye kifungu cha kutozungumzia kampuni hadharani. Alisaini, kwani alikuwa na madeni na watoto wa shule. Akaja kwangu usiku, amevua kofia, akasema, "Mdogo wangu, nitoe." Nilimtoa. Nilikaa siku kadhaa nisiweze kufungua kompyuta, kwa kuwa filamu ilikuwa imejengwa juu ya maneno yake, na wafadhili walikuwa wameshamwona na kumpenda. Lakini maneno yale ni yake. Tafuta wakili mapema, kabla makubaliano ya kuachishwa kazi hayajaanza kusainiwa, na uwaunganishe watu na chama au kituo cha msaada wa sheria wasaini wakijua wanachokisaini.

Jambo jingine halina nafasi ya kufikiria mara mbili. Msichana mmoja alinitumia picha ya simu ikionyesha ufa kwenye ukuta wa ngazi za karakana. Aprili 23, 2013, kule Savar karibu na Dhaka, Bangladesh, nyufa zilionekana kwenye jengo la Rana Plaza. Benki na maduka ya chini yakafungwa. Wafanyakazi wa viwanda vya nguo vya juu wakaamriwa kurudi kazini kesho yake, na jengo likaanguka likaua watu zaidi ya 1,100. Picha ya ufa ikikufikia, kamera iweke chini. Mimi niliipeleka siku hiyohiyo kwa mwakilishi wa usalama wa chama ili imfikie mkaguzi, na nilikuwa tayari ipotee kwenye filamu kama ingelazimu.

Kuhusu fedha, nitasema wazi. Sikumlipa mtu kwa ushuhuda, maana upande wa pili hungoja sababu ya kusema mashahidi wamenunuliwa. Lakini mtu anayelipwa kwa idadi ya vipande akikaa nami saa mbili amepoteza kipato cha saa mbili, na mwenye pikipiki akizima programu kwa ajili yangu amepoteza zaidi. Muda huo niliulipa, pamoja na nauli na vocha, na niliuandika kwenye bajeti kama gharama halali. Wapo watengenezaji filamu wanaopinga hilo. Kwangu mimi, kuchukua saa za mtu bure kwa ajili ya filamu kuhusu saa zinazochukuliwa bure ni jambo lisilokubalika. Kwa sababu hiyohiyo timu yangu ilikuwa na mikataba: mrekodi sauti, dereva, mtafsiri na yule kijana wa kubeba taa, wote na saa za kazi na malipo ya saa za ziada. Bajeti ilipasuka. Niliuza kamera ya pili, nikapunguza siku za kurekodi, na uhariri ukasimama kwa miezi hadi fedha nyingine zilipopatikana. Wanaoanza, jueni pia kwamba kunakili mahojiano kwa maandishi, kutafsiri, bima, ada ya wakili na haki za muziki na picha za kumbukumbu ndivyo vinavyokausha mfuko. Kamera ni sehemu ndogo.

Mfadhili mmoja alitaka shujaa mmoja, mgomo mmoja na ushindi mwishoni. Nilimweleza kwamba ushindi haukuwepo na kwamba ningebaki na watu hawa hadi nione wanakwenda wapi. Alijitoa. Kubaki kuna thamani yake: watengenezaji filamu wa Marekani Steven Bognar na Julia Reichert walirekodi siku za mwisho za kiwanda cha magari cha General Motors kule Moraine, Ohio, kilipofungwa Desemba 2008, na miaka baadaye walirudi kwenye jengo lilelile lilipochukuliwa na kampuni ya vioo ya Kichina. Filamu ya marudio yale ilitoka 2019 na kushinda tuzo ya Oscar mwaka uliofuata. Hakuna aliyekuwa na uhakika siku ya kwanza.

Kwenye sauti sina mengi. Nyumbani kwa mtu, zima friji wakati wa mahojiano, na funguo zako uziweke ndani yake. Hutaondoka bila kuliwasha. Karakana kama ukiingia, rekodi kila mashine peke yake.

Hilo la mashine nalisema kwa sababu filamu ilipokamilika niliionyesha kwanza kwa wafanyakazi wenyewe, kwenye ukumbi, kabla ya tamasha lolote na kabla ya televisheni. Hawakukaa kimya. Mama wa laini ya kola alinyanyua mkono katikati na kusema sauti tunayoisikia ni ya ovaloki, mashine ya kufunga kingo za kitambaa, na picha ni ya cherehani ya kushona moja kwa moja. Ukumbi mzima ukakubaliana naye. Wengine walisema sehemu ya mgomo ni ndefu mno kuliko ulivyokuwa. Dada mmoja alitaka tuongeze wanawake wa usafi, ambao waliondolewa kwanza na hawakuhesabiwa popote. Walikuwa sahihi. Tulirudi kwenye uhariri, tukawatafuta wawili kati ya wale wa usafi, na wao ndio wanaofungua filamu sasa. Acheni nafasi kwenye ratiba na kwenye bajeti kwa onyesho la namna hiyo, mapema kabla kila kitu hakijafungwa.

Mkataba wa kurusha filamu kwenye televisheni ulipokuja, ulitaka haki zote. Wakili wangu aliongeza kifungu kinachotuachia ruhusa ya kuionyesha bure kwenye vyama vya wafanyakazi, vyuo vya ufundi na mitaa wanakoishi waliomo, na ruhusa ya kutumia nakala za nyaraka tulizorekodi kwa ajili ya madai yao. Mazungumzo yalikuwa marefu, malipo yakapungua kidogo, kifungu kikabaki. Zile hati za mshahara tulizozipanga kwa tarehe ziko sasa mikononi mwa mwakilishi wa chama, anazitumia kudai miaka iliyokatwa kwenye hesabu ya kiinua mgongo cha watu wa laini ya kola na laini nyingine mbili. Madai yanasikilizwa, na wengine waliokuwa wamepoteza karatasi zao wameanza kuzitafuta kwa wenzao wa zamu moja.